Kuzoeana: maana yake paka na mbwa wanapoishi nyumba moja

Kuzoeana ni hali ya paka na mbwa kuonana, kupishana na kulala chini ya paa moja bila mmoja kumwinda mwenziwe na bila yeyote kuishi kwa hofu. Kucheza pamoja si sharti, wala kulaliana. Wapo wanaofika huko, na ni raha kuwatazama, lakini nyumba nyingi zenye amani ya kweli ni zile ambazo paka na mbwa wanapishana tu, kila mmoja na hamsini zake.

Neno lenyewe linasaidia kuelewa. Limetokana na zoea, na kile kiambishi -an- kinadai pande mbili. Mbwa akishamzoea paka huku paka bado anaishi juu ya kabati, hawajazoeana. Aliyezoea ni mmoja. Kosa hili hutokea sana kwa sababu fujo ya mbwa inaonekana na kusikika: anabweka, anakimbiza, anaangusha vitu. Paka aliyelemewa hapigi kelele. Anajificha tu. Mwenye nyumba akiona kimya, anasema sasa wamepatana.

Nilikaa siku moja katika nyumba ya namna hiyo. Mbwa alikuwa amejinyoosha kwenye mlango wa jikoni, amelala fofofo. Paka alikuwa juu ya friji. Bakuli lake la maji lilikuwa sakafuni, hatua tatu kutoka kwa mbwa. Paka alishuka hadi kwenye meza, akasimama, akamtazama mbwa, akarudi juu. Baadaye akashuka tena, safari hii hadi kwenye kiti, mkono mmoja ukining'inia hewani, kisha akarudi. Zaidi ya nusu saa nilimwona akifanya hivyo, na hakunywa. Mbwa hakumgusa wala hakumnguruma, na wenyeji waliniambia kwa moyo safi kwamba hawa wawili hawana shida kabisa. Wanampenda paka wao. Hawakujua waangalie nini.

Ugomvi wenyewe unaanzia wapi? Si chuki ya kurithi. Mbwa ni uzao wa mbwamwitu, na silika ya kuwinda aliyorithi inakwenda kwa hatua: kukaza macho, kunyatia, kukimbiza, kukamata, kung'ata na kutikisa. Binadamu aliichukua silika hiyo akaikata vipande kulingana na kazi aliyoitaka. Mbwa wa kuchunga kama Border Collie aliachiwa jicho, kunyatia na kukimbiza, na hatua ya kuua ikapunguzwa. Terrier, aliyefugwa kuua panya na wanyama wa mashimoni, alibakiziwa ule mng'ato wa mwisho. Greyhound alichaguliwa kwa kukimbiza kinachokimbia. Aina peke yake haitoi hukumu, maana wapo Greyhound wanaolala na paka na wapo mbwa wa mapajani wasiowavumilia hata kidogo, lakini inakudokeza pa kuanzia.

Kinachoiwasha silika hiyo ni mwendo. Paka aliyeketi kwenye kochi anaweza kuwa si chochote kwa mbwa, na paka huyohuyo akichomoka mbio uani akageuka windo. Ndiyo maana mbwa aliye mpole sebuleni humshangaza mwenye nyumba nje. Hakubadilika tabia, aliona kitu kinakimbia.

Paka naye ni mwindaji, ila mwindaji mdogo kiasi cha yeye pia kuwindwa na wakubwa. Wahenga wake, paka-pori wa Afrika na Mashariki ya Kati, waliwinda peke yao, na jawabu lao kwa hatari lilikuwa kukimbia, kupanda juu au kujificha. Kupigana ni la mwisho, pale njia zote zinapozibwa. Sasa unaliona fundo: jawabu la kwanza la paka akiogopa ni kukimbia, na kukimbia ndiko kunakomwasha mbwa.

Halafu kuna suala la lugha. Mbwa akitikisa mkia kwa mwili uliolegea, mara nyingi anakaribisha. Paka akipigapiga mkia huku na huku, anaonya. Paka anayesimamisha mkia wima kama mlingoti anasalimia, lakini mkia wa mbwa uliosimama na kukakamaa ni dalili ya msisimko ambao unaweza kuishia pabaya. Mbwa akilala chali mbele ya mwenziwe, mara nyingi anaomba amani au mchezo. Paka akilala chali mbele ya mbwa anayemsonga, ameweka tayari makucha ya miguu yote minne. Mbwa kijana huinamisha kifua na kuinua nyuma kumwalika paka wacheze, na paka anaona mnyama mkubwa anayejiandaa kumrukia.

Lugha hii hujifunzwa, hasa utotoni. Dirisha la watoto wa paka kuzoea viumbe vingine hufunguka takriban wiki ya 2 hadi ya 7 ya maisha, na la watoto wa mbwa wiki ya 3 hadi ya 12 au 14. Watafiti Neta-li Feuerstein na Joseph Terkel wa Chuo Kikuu cha Tel Aviv walichapisha mwaka 2008 utafiti kuhusu paka na mbwa wanaoishi pamoja majumbani. Waliona kuwa mambo huenda vizuri zaidi paka akikutanishwa na mbwa kabla ya miezi 6, na mbwa kabla ya mwaka 1. Baadhi yao walikuwa wakisalimiana pua kwa pua, ambayo ni salamu ya paka. Mbwa walikuwa wamejifunza. Wakubwa nao hujifunza, ila kwa muda mrefu zaidi.

Hapa ndipo ningependa msomaji atulie nami kidogo, kwa sababu ndipo watu wengi wanapokosea: tofauti kati ya mbwa aliyetulia na mbwa aliyeganda. Mbwa aliyetulia anamtazama paka, kisha anatazama kwingine mwenyewe. Mdomo wake uko wazi kidogo, masikio yamelegea, anapepesa macho, ananusa sakafu, ukimwita anageuka. Aliyeganda amefumba mdomo, uzito wake umeegemea mbele, masikio yamechomoza, macho hayabanduki. Ukimwita hasikii. Hata kipande cha nyama ukikipitisha mbele ya pua yake hakioni. Hatoi sauti yoyote, na ukimya huo ndio unaowadanganya watu. Hiyo ni hatua ya kwanza ya kuwinda, na muda wa kumwondoa ni sasa, kabla paka hajanyanyuka.

Kuzoeana kunajengwa kuanzia puani. Mgeni akiingia, apewe chumba chake chenye mlango unaofungwa, chakula, maji na mahali pa kujisaidia. Sugua kitambaa kwenye mashavu ya paka, ambako ana tezi za harufu, ukiweke mbwa anapolala. Cha mbwa mpelekee paka. Siku chache baadaye, kila mmoja ale upande wake wa mlango uliofungwa. Paka akila kwa raha na mbwa akiacha kukwaruza mlango, fungua waonane kupitia kizuizi cha mlangoni, mbwa akiwa kwenye kamba na kwa umbali ambao bado anaitika jina lake. Kila anapomwona paka na kugeuka kukutazama, mpe kitafunwa. Unamfundisha kwamba kuonekana kwa paka ni habari njema inayotoka kwako. Umbali upunguzwe kidogokidogo, kwa vipindi vifupi vya dakika chache.

Kuna desturi moja ningependa ife: kumbeba paka mikononi na kumsogeza kwenye pua ya mbwa "wafahamiane". Paka aliyebebwa amenyang'anywa miguu, yaani amenyang'anywa ulinzi wake wa kwanza, kwa hiyo anabaki na makucha. Mbwa anakwaruzwa jicho, wewe unakwaruzwa shingo, na wote watatu mmejifunza kuogopana. Mbwa wenye pua bapa na macho yaliyotokeza ndio wanaoumia vibaya zaidi. Kumpiga mbwa kwa kunguruma nako kunaharibu. Anaacha kuonya, hisia inabaki palepale, na siku nyingine atang'ata bila onyo. Paka akimpulizia mbwa ule mpumuo mkali naye mbwa akarudi nyuma, waache. Hayo ni mazungumzo, na yamekwenda vizuri.

Kazi hii huchukua wiki, mara nyingine miezi, na kamba isiondolewe kwa sababu tu wewe umechoka kuishika.

Nyumba yenyewe lazima impe paka uwezo wa kwenda anakotaka bila kupita miguuni pa mbwa: rafu, kabati, dirisha pana, na chumba kimoja ambacho mbwa haingii kamwe. Sanduku lake la mchanga lisiwe kwenye kona isiyo na njia ya pili, maana paka akiviziwa akijisaidia mara moja tu anaweza kulikataa kabisa. Mbwa pia hupenda kula kinyesi cha paka na kuokota minyoo humo. Vyakula visichanganywe. Mwili wa paka hautengenezi taurini, kirutubisho anachokihitaji, ya kumtosha, na akilishwa chakula cha mbwa kwa muda mrefu moyo na macho yake vinaweza kuharibika. Mbwa akila cha paka, chenye mafuta na protini nyingi, hunenepa, na wengine huvimba kongosho. Wale wenyeji wangu walihamishia bakuli la paka kwenye rafu ya chumba kingine, na jioni hiyohiyo alikunywa kwa muda mrefu, macho amefumba nusu.

Hofu ya paka pia hujitokeza mwilini. Paka aliyeacha kula kwa siku mbili yuko hatarini kupata ugonjwa wa ini, hasa akiwa mnene. Paka dume anayekwenda kujikamua mara kwa mara bila mkojo kutoka huenda njia imeziba, na hilo ni la kumkimbiza kwa daktari wa mifugo saa hiyohiyo, si kesho.

Wakishikana, usiingize mkono katikati. Watupie blanketi, au tenganisha kwa ubao au mto mkubwa, kisha kila mmoja afungiwe chumba chake hadi kesho yake. Jeraha la paka aliyeng'atwa na mbwa huwa tundu dogo kwenye ngozi, huku chini yake nyama imechanika na mbavu pengine zimevunjika kwa kutikiswa, kwa hiyo apelekwe kupimwa hata akionekana anatembea. Jino la paka nalo huchoma kama sindano na kuacha bakteria ndani, na uvimbe wa usaha hujitokeza siku kadhaa baadaye. Wote wawili wawe wamechanjwa kichaa cha mbwa. Mtu aking'atwa au kukwaruzwa, aoshe jeraha kwa sabuni na maji yanayotiririka kwa dakika 15, kisha aende kituo cha afya.

Na wapo ambao hawatazoeana. Mbwa aliyewahi kuua paka, au anayeganda vilevile baada ya miezi ya kazi makini, asiachwe na paka bila mtu hata dakika moja. Kwa hao, mlango uliofungwa na zamu za kutumia sebule ndiyo maisha yao, au mmoja atafutiwe nyumba nyingine njema. Nimewaona watu wakilia kwa uamuzi huo wakidhani wameshindwa. Hawakushindwa: paka wao yuko hai, na mbwa wao hakuachwa na kishawishi asichokiweza.