Mimba ina wiki ngapi? Maswali ninayoulizwa sana kliniki

Mimi ni nesi mkunga, na tangu nianze kukaa kliniki ya wajawazito hakuna swali linalorudi kama hili la mimba ina muda gani. Bibi anahesabu kwa mwezi wa angani, mama mwenyewe anahesabu kwa miezi ya kalenda, sisi manesi tunaandika wiki, na baba watoto anahesabu toka siku aliyorudi safari, basi hapo ugomvi hauishi. Nimeyachukua maswali yanayojirudia nikayajibu hapa, majina nimeyatoa.

Shikamoo nesi, mara ya mwisho kuona siku zangu ni tarehe 27 mwezi wa tano, nihesabie nitajifungua lini.

Marahaba mdogo wangu, na hongera kwa kuikumbuka tarehe maana nusu ya kazi umeshaimaliza. Ila nithibitishie kitu kimoja, hiyo 27 ni siku ULIYOANZA kuona damu au uliyomaliza? Sisi tunahesabu toka siku ya kwanza damu kutoka, wengi wanataja siku ya kumaliza na hapo tayari tumepotea siku nne tano.

Kama ndio ya kuanza, chukua 27 jumlisha 7 unapata 34, mwezi wa tano una siku 31 kwahiyo unaangukia tarehe 3 mwezi wa sita, halafu rudi nyuma miezi mitatu (wa tano, wa nne, wa tatu), jibu ni tarehe 3 Machi mwakani. Ndio hesabu utakayoiona kwenye kadi imeandikwa EDD, yani tarehe ya makadirio ya kujifungua, na kanuni yake inaitwa kwa jina la daktari mmoja wa Kijerumani, Franz Naegele, alikufa 1851 na mpaka leo tunaikariri chuoni.

Kujua leo una wiki ngapi ni rahisi zaidi, hesabu siku zote toka hiyo tarehe mpaka leo ugawe kwa 7. Mfano ukija kliniki tarehe 1 mwezi wa tisa zimepita siku 97, ukigawa kwa 7 unapata 13 zinabaki 6, na kwenye kadi nesi ataandika 13+6. Hiyo ni wiki 13 na siku 6 jamani, sio 13 nukta 6, kuna baba mmoja alikuja na kalkuleta tukabishana mpaka foleni ikacheka.

Kanuni hii inamfaa mwanamke ambaye mzunguko wake ni wa siku 28 hivi. Kama wewe unakaa siku 35 ndio unaona tena, yai lako linachelewa kutoka kama wiki moja, kwahiyo na tarehe ya kujifungua isogeze mbele siku 7.

Dada naomba unisaidie nisiachike. Mume wangu ni dereva wa malori, alirudi tarehe 14 mwezi wa sita. Tarehe 26 mwezi wa saba nikapiga altrasaundi wakaandika wiki 8. Yeye anasema toka arudi ni wiki 6 tu, hizo 2 nilikuwa na nani?

Pole sana mdogo wangu, swali hili nalijibu kwa urefu maana limeshavunja nyumba za watu bure kabisa.

Umri wa mimba tunaoandika hospitali hauanzii siku mliyolala pamoja. Unaanzia siku ya kwanza ya hedhi ya mwisho, yani tunaanza kuhesabu wakati HUNA mimba kabisa, unableed. Damu inakata, yai linakomaa, linatoka kama siku ya 14 kwa mwenye mzunguko wa siku 28, ndio mbegu inalikuta na mimba inatunga. Kwahiyo ile siku mimba inatunga, kwa hesabu za kliniki tayari una "wiki 2". Ukichelewa kuona siku zako ukapima mkojo ukakuta mistari miwili, tunakuandikia wiki 4 na zaidi wakati kitoto chenyewe kina wiki 2 tu.

Kwanini tunafanya hivyo, kwa sababu siku ya kuona damu mwanamke anaiona kwa macho, ila siku yai lilipotoka hakuna anayeiona. Na usidhani altrasaundi inakwepa hili, mashine inapima urefu wa mtoto halafu inakupa jibu kwa hesabu ile ile, hizo wiki mbili inaziongeza yenyewe.

Sasa tuje kwenu. Wiki 8 kurudi nyuma toka 26 mwezi wa saba ni tarehe 31 mwezi wa tano, hapo ndio ulikuwa kwenye siku zako. Ongeza siku 14 unaangukia wapi? Tarehe 14 mwezi wa sita, siku shemeji aliyopaki lori nyumbani! Kwahiyo hicho karatasi anachokushikia bango ndio kinachokutetea. Mwambie aje nacho kliniki nimkalishe na kalenda, nimeshakalisha madereva wengi na wanatoka wameinamisha kichwa.

Ila niseme ukweli wote, altrasaundi haithibitishi baba ni nani, inakadiria muda tu na hata ikipigwa mapema inaweza kukosea siku kama 5 mbele au nyuma. Anayetaka kujua damu ya nani akapime DNA. Na ingeandikwa wiki 12 hapo mimi ningenyamaza, nyie mngemalizana wenyewe.

Mnasema wiki 40, mwezi una wiki 4, si inakuwa miezi 10? Mbona tunaambiwa tisa?

Mwezi hauna wiki 4 kamili, una wiki 4 na siku mbili tatu za juu, zile siku zikijikusanya zinakula karibu mwezi mzima. Wiki 40 ni siku 280, sawa na miezi 9 ya kalenda na kama wiki moja.

Lakini hapa kuna kitu mimi nakipenda. Wamama wa Pwani na Zanzibar wakiniambia bibi kahesabu kwa mwezi mwandamo, zamani nilikuwa nacheka, siku moja nikakaa na kalamu. Mwezi wa angani ni siku 29 na nusu, mara 9 unapata siku 266 hivi. Na mimba ukiihesabu toka ilipotunga mpaka kuzaliwa ni siku 280 toa 14, yani 266! Bibi alikuwa sahihi, tofauti yetu ni pa kuanzia tu. Sijacheka tena.

Mimi sikumbuki tarehe kabisa, na kabla ya hapo nilikuwa nachoma sindano ya uzazi wa mpango.

Hapa mpo wengi. Kwa wasiokumbuka huwa siulizi tarehe, nauliza matukio. Ulikuwa umeshaona siku zako kabla ya sikukuu au baada? Mshahara ulikuwa umetoka? Ule msiba wa jirani ulienda ukiwa umevaa pedi? Na kwa Waislamu Ramadhani inasaidia sana maana mwanamke siku alizokula anazijua, anatakiwa azilipe, atakwambia "nilikula kumi la pili siku sita" na hapo mimi tayari nina tarehe yangu.

Ila wewe wa sindano ni kesi nyingine. Ile ya kila miezi mitatu ukiiacha, mayai yanaweza kuchelewa kurudi miezi mingi, halafu siku likitoka la kwanza unashika mimba kabla hujaona damu hata tone. Sawa sawa na anayenyonyesha ambaye hajarudi kwenye siku zake. Hapo hakuna tarehe ya kukumbuka kwahiyo usinitungie ya uongo ili kadi ijae, sema sijui, nenda kapige altrasaundi mapema.

Na kuna wanaokumbuka vizuri ila damu yenyewe haikuwa hedhi. Wengine wanatokwa na matone kidogo karibu na siku ambazo wangepata piriodi, mimba ikiwa imeshatunga, anasema mbona nilibleed, tunahesabia hapo na mimba inapungua mwezi mzima. Kama ile ya mwisho ilikuwa chache na fupi kuliko kawaida yako mwambie nesi. Lakini damu inayokuja na maumivu makali ya tumbo la chini au kizunguzungu usikae kuhesabu wiki, wahi hospitali, mimba inaweza kuwa imetunga nje ya kizazi.

Nimepiga altrasaundi tatu, zote tarehe tofauti. Nishike ipi?

Shika ya kwanza, basi, kama ilipigwa mapema.

Watoto wakiwa tumboni miezi ya mwanzo wanakua kwa kasi inayofanana, wa Mmasai mrefu na wa mama mfupi wote wiki ya 9 wanalingana. Kabla ya wiki 14 tunampima kutoka kichwani mpaka matakoni na makosa yake hayazidi kama siku 5 mpaka 7. Baadaye kila mtoto anafuata asili yake na chakula anachopata, mwenye mama wa sukari ananenepa, mwenye mama wa presha anaweza kudumaa. Ukipima hapo kichwa, tumbo na mfupa wa paja unachopata ni ukubwa wake zaidi kuliko umri. Altrasaundi ya baada ya wiki 28 inaweza kupishana na ukweli hata wiki 3.

Kwahiyo unapoenda mwezi wa nane wa mimba wakakuandikia tarehe mpya ya kujifungua, usiibadilishe ile ya mwanzo. Tena ni hatari, maana kama mtoto hakui vizuri na wewe ukasogeza tarehe ili ilingane na udogo wake, tatizo umelificha. Shirika la Afya Duniani linashauri altrasaundi moja kabla ya wiki 24, kwahiyo kama hela ni ya kipimo kimoja ipeleke hapo mapema, usiitunze kwa ajili ya kujua jinsia.

Kule kwetu zahanati haina mashine, nesi anapima kwa mkono. Anajuaje?

Anajua vizuri tu. Wiki ya 12 mji wa mimba ndio unaanza kuchungulia juu ya mfupa wa kinena, wiki ya 20 unafika kitovuni, wiki ya 36 uko karibu na chembe cha moyo, halafu ukikaribia kujifungua unashuka kidogo na mama anaanza kupumua vizuri. Akitumia tepu, kuanzia wiki ya 20 hivi sentimita zinakaribiana na wiki, wiki 28 sentimita kama 28, ikipishana mbili sio neno. Ikipishana zaidi tunatafuta sababu, labda mapacha, maji mengi, uvimbe kwenye kizazi, mtoto mdogo, au tarehe yenyewe ulitudanganya.

Kucheza kwa mtoto nako kunasaidia kidogo. Mimba ya kwanza wengi wanasikia wiki ya 18 mpaka 20, aliyezaa kabla anawahi wiki mbili hivi maana anaijua ladha yake, wa kwanza anadhani ni gesi.

Kwani kuna ulazima gani, si mtoto atatoka akiwa tayari?

Upo mwingi. Vile vidonge vya SP vya kinga ya malaria tunaanza kukupa ukifika wiki 13, halafu vinapishana angalau mwezi (anayetumia septrini kwa sababu ya VVU hapewi). Uchungu ukikuanza mapema, sindano ya kukomaza mapafu ya mtoto inategemea una wiki ngapi, wanaangalia kama uko kati ya 24 na 34. Daktari akiwa na tarehe ya uongo ataamua kwa uongo.

Tarehe yangu imepita siku 3, mama mkwe kaniletea dawa ya kienyeji ya kuleta uchungu. Ninywe?

Usinywe, tafadhali. Ile tarehe ni makadirio, wanaojifungua siku yenyewe ni kama mmoja kati ya ishirini. Kuanzia wiki 37 mtoto hahesabiwi njiti tena na wengine wanaenda mpaka 41 bila shida. Hizo dawa zinaweza kuleta uchungu mkali kupita kiasi, mtoto anakosa hewa, kizazi kinaweza kupasuka hasa kama ulishawahi kufanyiwa opareshini. Mshukuru mama mkwe kwa heshima, mwambie nesi kakataa, lawama nitabeba mimi.

Nenda kaonekane kliniki hata kesho. Ukigusa wiki 41 uwe hospitali ili waangalie mtoto anaendeleaje na wapange kukuanzishia uchungu kama inabidi. Na kama leo hachezi kama ulivyomzoea, au chupa imepasuka, au umeona damu, usingoje hiyo kesho wala hiyo 41, ondoka sasa hivi na kadi yako mkononi, na ile altrasaundi ya kwanza iweke humo humo ndani.