Kopi kwenye Permutation City ni kitu gani hasa

Permutation City ni riwaya ya Greg Egan wa Australia, ilitoka 1994, na usipoelewa Kopi ni nini hutoki hata sura ya kwanza. Kopi ni mtu anayeishi ndani ya kompyuta. Wanaskani ubongo na mwili wako kwa undani kabisa, ile data inageuzwa programu, wakiiwasha anaamka mtu mwenye kumbukumbu zako zote mpaka siku ya skani, anajua unadaiwa na nani, ukimuuliza jina anakutajia lako bila kusita.

Watu wanadhani basi kifo kimekwisha. Ngoja kwanza. Kopi haumwi wala hazeeki ila anakula nguvu ya kompyuta, na hiyo inauzwa sokoni dunia nzima bei ikipanda na kushuka, kwa hiyo kutokufa kwenyewe ni kama chumba cha kupanga tu. Hata tajiri mwenye mashine zake anaenda taratibu mara 17 kuliko walio nje, yani yeye siku moja huku nje zimepita 17, maskini ndo usiseme. Hapa Egan kawazidi wengi, kaikumbuka bili.

Kwenye maisha halisi bado tuko mbali sana. Ramani ya jinsi seli 302 za neva za kile kimnyoo C. elegans zinavyoungana ilichapishwa 1986, ya ubongo wa nzi mzima, seli za neva kama 140,000 hivi, ikaja 2024, na binadamu ana kama bilioni 86. Halafu ramani tu haiamki.

Sasa utata wenyewe. Paul Durham, mhusika mkuu, anaipiga hesabu inayomwendesha Kopi wake vipande vipande, vya mwisho kabla ya vya mwanzo, kwenye mashine zilizotawanyika, na Kopi anahesabu moja mpaka kumi bila kuhisi tofauti yoyote. Durham anaenda mbali zaidi, anasema kama mpangilio na mahali havijalishi basi hata kompyuta haihitajiki, vipande vya akili vitajitafuta vyenyewe kwenye vumbi la ulimwengu. Mi hapo ananiacha, maana kwenye jaribio lake mashine zilikuwepo na zilifanya kazi kweli, kuzitoa halafu useme matokeo ni yaleyale ni kuruka hatua ambayo hajaithibitisha popote.