Hofu ya kupitwa si husuda

Chukua mfano wa msichana wa Lamu anayeuza dukani Malindi. Mfungo Sita umeingia, Maulidi yamekaribia, na ruhusa ya kazini hakuipata. Usiku amejilaza na simu mkononi. Stetasi zimejaa binamu zake, wameshona madera ya kitambaa kimoja, na nyuma yao matari ya msikiti wa Riyadha yanasikika. Kesho kuna mashindano ya punda. Anaiweka simu chini, na hata dakika tano hazijapita ameishika tena. Hamchukii yeyote kati yao, wala hataki kumpokonya mtu kitu. Kinachomkosesha usingizi ni kwamba mambo yanatokea na yeye hayumo.

Hiyo ndiyo hofu ya kupitwa: wasiwasi kwamba wenzako wamo katika raha uliyoikosa, pamoja na hamu isiyokatika ya kuchungulia wanafanya nini.

Nalishikilia neno hofu kwa sababu huku kwetu tu wepesi wa kuiita husuda, au kijicho. Hasidi hutaka neema imwondokee mwenzake. Huyu anatamani tu angekuwapo. Mwambie kijana ana husuda, atafunga mdomo, na kinachomsumbua hutakijua tena. Mwaka 2013 mwanasaikolojia Andrew Przybylski na wenzake walitunga kipimo cha maswali 10 cha hofu hii. Waliona kwamba huwapata zaidi vijana, na pia watu ambao nafsi zao zina upungufu: hawajioni kuwa wanaweza, hawana usemi katika mambo yao wenyewe, au wako mbali na watu wao. Mtu aliye peke yake katika chumba cha kupanga, mbali na kwao, anaingia humo moja kwa moja.

Mzizi wa yote ni kujilinganisha, na huo ni wa zamani kuliko simu. Mwaka 1954 mwanasaikolojia wa Marekani, Leon Festinger, alieleza kwamba mtu akikosa kipimo cha wazi cha uwezo wake au maoni yake, hujipima kwa watu, tena wale wanaokaribiana naye. Ndiyo maana picha ya mtalii tajiri kwenye jumba la Shela, kisiwani Lamu, haimuumizi sana msichana wetu. Inayomchoma ni ya hirimu yake, waliyesoma naye chuo kimoja, ambaye sasa ana duka lake mwenyewe.

Kujipima kwa mwenzako si kosa. Kijana anayejifunza kuunda vyombo vya baharini Matondoni, kijiji cha huko huko Lamu, humtazama fundi siku nzima, na humo ndimo anamojifunza. Ila yeye humwona pia akipasua ubao na kuanza upya. Simu hutuonyesha chombo kimeshashushwa majini. Usione vyaelea, vimeundwa, walisema wazee, nasi kwa usiku mmoja tunapitia stetasi za watu wengi bila kuuona hata msumari mmoja.

Tena stetasi ya WhatsApp hufutika baada ya saa 24. Usipoifungua leo, kesho huikuti. Mtu hujikuta kama ana deni la kutazama, na deni lenyewe halilipiki, kwa kuwa kila saa kuna jipya.

Kuzima arifa husaidia kiasi. Kuifuta programu kabisa sikushauri kwa aliye mbali na kwao, maana ndiyo njia yake ya kuwaona ndugu. Ninachokiamini zaidi ni sauti ya mtu. Msichana yule akiacha kuchungulia akampigia binamu yake, huenda akaambiwa kwamba mwenzake tangu alfajiri yuko jikoni na masufuria ya pilau, mgongo wamuuma, na hao punda naye amewaona kwenye stetasi ya mtu mwingine.