Majalada ya Mau Mau hayakupotea

Wengi hudhani kazi ya mwanahistoria wa vita vya kikoloni ni kufungua majalada ya serikali na kunakili yaliyomo, na kwamba lisiloandikwa humo halikutokea. Vita vya Mau Mau, vya kupinga ukoloni wa Waingereza nchini Kenya, vinatuonyesha vingine.

Uhuru wa mwaka 1963 ulipokaribia, Waingereza walichoma moto baadhi ya majalada ya kuwaaibisha na mengine wakayasafirisha kwao kimyakimya. Haya yalifichwa Hanslope Park, kituo cha serikali huko Uingereza, na kwa miaka mingi Kenya ilipoyadai haikupewa. (Anayefunga virago hivyo hakika anajua alichokitenda.) Kisha wazee walioteswa katika kambi za kizuizini wakati wa vita hivyo wakaishtaki serikali ya Uingereza mjini London. Wanahistoria, akiwemo David Anderson, wakasisitiza mahakamani kwamba kuna nyaraka zilizofichwa. Mwaka 2011 yakajitokeza masanduku yapatayo 300, na ndani yake mlikuwa na ushahidi kwamba wakubwa walijua kuhusu mateso yale ambayo wazee walikuwa wakiyasimulia miaka yote. Mwaka 2013 Uingereza ikatangaza malipo ya pauni milioni 19.9, gharama za kesi zikiwemo, kwa Wakenya 5,228.