Polisi Akikudhalilisha, Usisubiri Vyombo vya Habari

Akina mama wengi wanaofika kituoni kwetu kutafuta msaada wa kisheria wanatuuliza: ikiwa kweli kuna polisi wa Marekani wanaowafanyia wanawake weusi ukatili wa kingono, mbona hatuoni kwenye taarifa ya habari? Wengine wameshaamua kwamba ni uvumi. Jamani, kisichotangazwa hakikosi kutendeka.

Daniel Holtzclaw alikuwa askari wa doria Oklahoma City. Wanawake 13 walitoa ushahidi dhidi yake, wote weusi. Alikuwa akiwasimamisha katika mitaa ya watu wa kipato cha chini na kuangalia rekodi zao kwenye kompyuta. Wengi aliowachagua walikuwa na kesi za nyuma au hati za kukamatwa, kwa hiyo alijua hawangeaminiwa. Juni 2014 alimsimamisha bibi wa miaka 57 asiye na rekodi yoyote, naye akaripoti usiku uleule. Wapelelezi walipofuatilia ndipo wengine wakapatikana. Alitiwa hatiani kwa makosa 18 Desemba 2015, na mwezi uliofuata akahukumiwa miaka 263 jela. Kesi nzito namna hiyo, na televisheni za kitaifa ziliigusa kwa shida wakati ikisikilizwa. Hata Breonna Taylor, aliyeuawa na polisi nyumbani kwake Louisville, jimbo la Kentucky, Machi 13, 2020, nchi nzima ilianza kumzungumzia Mei.

Ukifanyiwa ukatili wa kingono, nenda hospitali kabla ya kuoga au kufua nguo. Uchunguzi wa ushahidi ni bure hata kama hujaamua kushtaki. Malalamiko si lazima uyapeleke kwa wakubwa wa askari huyo, FBI, yaani wapelelezi wa serikali kuu ya Marekani, hupokea. Kifungu cha 242 cha sheria ya jinai ya shirikisho kinamhusu ofisa anayetumia mamlaka yake kukiuka haki ya mtu kwa makusudi: kifungo hadi mwaka 1, hadi miaka 10 mtu akijeruhiwa, na hadi maisha panapokuwa na ukatili mkubwa wa kingono. Madai ya fidia yana ukomo wake: Kentucky mwaka 1, Oklahoma miaka 2. Wanaokuja baada ya hapo tunashindwa kuwasaidia, na inatuuma.

Tena, kuwahi kufungwa au kukosa makaratasi hakumpi askari ruhusa ya kukugusa. Andika mapema saa, mtaa na namba ya gari. Kwa Holtzclaw, kumbukumbu za GPS za gari la doria zililingana na maelezo ya wanawake wale.