Walker hakuwa mtembezi

Kwenye chupa ya wiski ya Johnnie Walker kuna bwana mwenye kofia ndefu na fimbo mkononi, akipiga hatua kubwa. Bwana huyo alichorwa na Tom Browne mwaka 1908, miaka mingi baada ya John Walker kufungua duka lake la vyakula mjini Kilmarnock, Uskochi, mwaka 1820. Mchoro unalichezea jina kwa maana yake ya leo, nasi tumeuamini. Hata mtangazaji wa mpira akimtaja Kyle Walker, yupo atakayekuambia maana yake ni Mtembezi.

Dhana: Walker wa kwanza alikuwa msafiri au tarishi.

Sivyo. Alikuwa fundi wa vitambaa, na kazi yake ilimweka mahali pamoja kutwa nzima. Kitambaa cha sufu kikitoka kwa mfumaji kilikuwa bado hakijafaa kuvaliwa: nyuzi zimeachana na mafuta ya kondoo yamo ndani. Kilitiwa kwenye pipa la maji pamoja na mkojo uliochacha, au udongo laini unaofyonza mafuta. Fundi aliingia miguu mitupu akakikanyaga kwa saa nyingi. Mkojo ukichacha hutoa amonia, nayo hukata mafuta. Kule kukanyagwa kulizifanya nyuzi zishikane, kitambaa kikajikaza na kuwa kizito, cha kuzuia baridi. Ilikuwa kazi ya kunuka na ya kuchosha. Lakini Uingereza ya zama za kati ilitajirika kwa sufu, na kwangu mimi ni dhuluma kumwita mtu huyu mzururaji.

Dhana: Basi aliitwa hivyo kwa kuwa alitembea juu ya kitambaa.

Hii inapendwa na wanaojua nusu ya habari. Katika Kiingereza cha kale, kitenzi *wealcan*, mzazi wa *walk* (kutembea) ya leo, kilikuwa na maana ya kuviringisha na kusukasuka, na fundi wa kazi hii alikwisha kuitwa *wealcere*. Maana ya kwenda kwa miguu ilishika nafasi baadaye, jina likiwa tayari limezaliwa. Kijerumani hakikuhama: *walken* mpaka leo ni kukikanda kitambaa namna ile ile. Kwa hiyo jina Walker limetunza maana ambayo kitenzi chenyewe kimeipoteza.

Dhana: Fuller na Tucker ni majina ya mbali na hili.

Ni kazi ile ile. Kusini-mashariki mwa Uingereza fundi huyo aliitwa Fuller, neno lenye asili ya Kilatini. Kusini-magharibi, pande za Devon na Somerset, aliitwa Tucker. Kaskazini na katikati ya nchi, Walker. Mjini Exeter ukumbi wa chama cha mafundi hao bado umesimama, nao unaitwa Tuckers Hall.

Dhana: Kila aliyeitwa Walker aliifanya kazi hiyo.

Kwa vizazi vya mwanzo, sawa. Ila tangu karne ya 12 vinu vya maji vilikwisha anza kuchukua nafasi ya miguu, nyundo za mbao zikipiga kitambaa badala ya nyayo. Kufikia mwaka 1400 hivi, familia nyingi za Kiingereza zilikuwa zikirithishana majina, kwa hiyo mwana wa Walker angeweza kuwa mwokaji mikate na bado akabaki Walker.

Dhana: Akina Walker wote ni ukoo mmoja.

Kila kijiji chenye sufu kilikuwa na fundi wake, hivyo jina lilichipuka mahali pengi, watu wasiojuana kabisa. Kisha likavuka bahari, na huko halikufuata damu peke yake. Madam C. J. Walker, Mmarekani mweusi aliyetajirika kwa kutengeneza bidhaa za nywele, alizaliwa Louisiana mwaka 1867 akiitwa Sarah Breedlove, na wazazi wake walikuwa wamepitia utumwa. Jina lililochapwa kwenye makopo yake alilipata kwa mumewe, Charles Joseph Walker.