Filamu za hali halisi za Ugiriki: yanayodhaniwa na yalivyo

Dhana: Ugiriki ni nguzo za mawe na bahari ya buluu.

Nenda Elefsina, kando ya Athens. Ndiko lilikokuwa hekalu la Demeter, mungu wa kike wa nafaka wa Wagiriki wa kale, na ndiko vilikojengwa viwanda vya saruji na vya kusafishia mafuta. Wakimbizi kutoka Asia Ndogo (Uturuki ya leo) walihamia huko baada ya 1922. Mwongozaji Filippos Koutsaftis aliurekodi mji huo kwa zaidi ya miaka kumi kabla ya kutoa filamu yake *Agelastos Petra* mwaka 2000. Nguzo zimo, lakini zinavuta moshi uleule wanaovuta wenyeji.

Anayetaka kuzirekodi nguzo hizo lazima aombe kibali cha Wizara ya Utamaduni. Asiyekuwa nacho akifungua tu miguu ya kamera, mlinzi yuko naye.

Dhana: Waanzilishi wa filamu hizi walikuwa Wagiriki watupu.

Ndugu Yanaki na Milton Manaki walizaliwa Avdella, kijiji cha Wavlachi, watu wa Balkan wenye lugha iliyotokana na Kilatini, enzi za utawala wa Waturuki. Mwanzoni mwa karne ya 20 waliwarekodi wanawake wa kwao wakisokota sufu. Leo Avdella iko Ugiriki, ila tamasha lenye jina lao hufanyika Bitola, Masedonia Kaskazini. Kila taifa linawavutia kwake.

Dhana: Maisha ya kila siku hayapangwi, washa kamera usubiri.

Hapa ndipo wengi huangukia. Kijiji cha milima ya Pindus hufurika Agosti, watu wanaporudi kwa sikukuu ya Bikira Maria ya tarehe 15. Januari hubaki wazee wachache na theluji. Ukirekodi Agosti peke yake, umeonyesha kijiji ambacho miezi mingine hakipo. Gawa safari zako kwa majira manne, hata kama kila moja ni ya siku tano.

Halafu piga hesabu: saa 80 za picha kwa filamu ya dakika 80 ni dakika 60 kwa kila moja itakayobaki. Maneno yote yaandikwe na kutafsiriwa, kila sentensi na muda wake, kabla uhariri haujaanza. Mhariri asiyejua lugha hukata sentensi katikati bila kujua, hasa bibi anaporuka kutoka Kigiriki kwenda Kivlachi.

Dhana: Sauti itasafishwa baadaye.

Si kwa nyenje wa Julai. Mlio wao uko juu, palepale zilipo "s" na "t" za msemaji. Ukiuchuja, maneno nayo yanafifia. Tena ukiunganisha vipande viwili, mlio unaruka na mtazamaji anausikia mkato. Mahojiano yafanyike asubuhi mapema kabla joto halijapanda, au ndani, madirisha yakiwa yamefungwa. Maikrofoni ndogo ikae kifuani, sentimita 15 hadi 20 chini ya kidevu. Mkimaliza, wote wanyamaze, rekodi sekunde 60 za mahali penyewe: ndizo zitakazofunika mikato. Kabla ya kuanza, friji izimwe isivume, na funguo za gari ziwekwe ndani yake, ili asiondoke mtu kabla ya kuiwasha tena.